Ukaguzi wa mahali pa mgogoro

ukaguzi wa mahali pa mgogoro nm [u-] (sheria) kitendo cha mahakama au baraza la ardhi, katika shauri la madai, cha kutoka ukumbini na kwenda kuiona kwa macho mali inayobishaniwa, mbele ya wadaawa na mashahidi wao: *Baraza lilifanya ukaguzi wa mahali pa mgogoro, wadaawa wote wawili wakiwapo.* Pia kuzuru eneo la mgogoro, kutembelea eneo lenye mgogoro. Katika maandishi ya wanasheria kitendo hiki hutajwa mara nyingi kwa Kilatini, *locus in quo*, yaani mahali ambamo jambo limo.

Istilahi yenyewe ni nyepesi. Kizito ni Kiswahili kinachosemwa siku ile shambani na kinachobaki katika kumbukumbu baada ya watu kutawanyika. Maelezo yafuatayo yanaanza na sheria na majina ya kazi, kisha yanachambua ushahidi mmoja wa kubuni uliowekwa Igalula, wilayani Uyui, mkoa wa Tabora, ambako Kiswahili cha mahakama hukutana na maneno ya ardhi ya Unyamwezi.

Msingi wa kisheria

Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya Tanzania Bara, Sura ya 33, ilitungwa mwaka 1966 kwa kufuata kwa karibu sheria ya India ya mwaka 1908. Inaligusa jambo hili mahali pawili. Kanuni ya 12 ya Amri ya XVIII inairuhusu mahakama kukagua, katika hatua yoyote ya shauri, mali au kitu chochote kilichozusha swali. Amri ya XXVI inatoa njia nyingine: mahakama inaweza kumteua mtu inayemwona anafaa na kumpa hati ya kwenda kuchunguza mahali penyewe, ili kufafanua jambo linalobishaniwa au kujua thamani ya mali sokoni au kiasi cha hasara, naye akaleta taarifa ya maandishi.

Tofauti ya njia hizi mbili ni kubwa kuliko inavyoonekana. Taarifa ya mteule huingia katika kumbukumbu kama ushahidi, na mteule mwenyewe anaweza kuitwa mahakamani akaulizwa juu ya kazi yake. Hakimu aliyekwenda shambani mwenyewe haulizwi. Akiutazama mti na kuamini kwamba ni mkongwe, hakuna wakili wa kumdodosa ameujuaje umri wake. Ndiyo maana Mahakama ya Rufani ya Tanzania, katika uamuzi uliochapishwa katika *Tanzania Law Reports* ya mwaka 1980, ukurasa wa 29, ilionya kwamba ukaguzi wa aina hii ufanywe katika hali za pekee tu, kwa kuwa mahakama inaweza, pasipo kujitambua, kuacha nafasi ya mwamuzi na kushika ya shahidi. Uamuzi huo huo uliweka utaratibu ambao hadi leo hurejelewa. Mahakama iende pamoja na wadaawa, mawakili wao kama wapo, na mashahidi wanaohusika. Ikiwa ubishi ni juu ya ukubwa wa chumba au upana wa barabara, kipimo kichukuliwe mbele ya wadaawa na kiandikwe. Mahakama ikirejea ukumbini, maandishi yasomwe kwa sauti, na wadaawa waseme, wasahihishe au wapinge. Kisha mashahidi watoe ushahidi juu ya mambo hayo, na mahakama iyatumie maandishi yake kwa ajili ya kuuelewa ushahidi huo tu.

Utaratibu huu una meno. Katika Rufaa ya Madai Na. 197 ya mwaka 2018, iliyotokana na shauri la baraza la ardhi na nyumba la wilaya, Mahakama ya Rufani ilieleza kwamba hakuna sheria inayolazimisha ukaguzi, lakini ukishafanywa sharti ufuate utaratibu wake. Kwa kasoro hiyo, pamoja na nyingine iliyohusu maoni ya wazee wa baraza, mwenendo wa shauri ulibatilishwa. Mtu anaweza basi kushinda, akalima misimu kadhaa kwa amani, kisha akaambiwa shauri lianze upya kwa sababu ziara ya asubuhi moja haikuandikwa ipasavyo.

Jambo la mwisho kuhusu sheria ni lugha ya kumbukumbu. Kwa miongo mingi mashahidi walisema kwa Kiswahili, na katika ngazi zilizo juu ya mahakama ya mwanzo kumbukumbu ziliandikwa kwa Kiingereza, hakimu akifasiri huku akiandika. Sheria Na. 1 ya mwaka 2021 iliirekebisha Sheria ya Tafsiri ya Sheria, Sura ya 1, na kukifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya utoaji haki, Kiingereza kikiachiwa mazingira maalumu. Hata hivyo majalada ya zamani bado yanafunguliwa katika rufaa, na wafasiri bado wanayageuza kwenda na kurudi. Makosa yanayojadiliwa hapa chini hutokea pande zote mbili.

Kukagua, kuzuru, kuchunguza, kupima

Kitenzi *kagua* kina mamlaka ndani yake. Mkaguzi wa hesabu, mkaguzi wa shule na kiongozi anayekagua gwaride wote hutazama kitu wakikilinganisha na kipimo kilichowekwa tayari. Mahakama haina kipimo hicho inapokwenda shambani. Inatazama ili iuelewe ushahidi. Hata hivyo *kukagua* kumekwisha kukubalika katika kutaja uwezo unaotolewa na Amri ya XVIII, na hakuna sababu ya kukuacha.

*Tembelea* ni la kawaida katika masjala za mahakama, lakini lina harufu ya ugeni: anayetembelewa ni mwenyeji, naye humkaribisha mgeni kivulini. Sentensi *Baraza lilitembelea shamba la mdaiwa* ina makosa mawili. Inalifanya baraza kuwa mgeni wa upande mmoja, na inaliita shamba la mdaiwa kabla hukumu haijasema ni la nani. *Baraza lilizuru eneo la mgogoro* huepuka yote mawili. Kosa la pili ndilo baya zaidi, na hupenya kwa urahisi kwa sababu kiambishi cha umiliki kinaandikwa bila kufikiriwa: *shamba lake*, *mpaka wake*, *miembe yao*. Katika maandishi ya ukaguzi vimilikishi vinafaa tu ndani ya maneno yaliyonukuliwa kutoka kwa shahidi.

*Chunguza* hupita kutazama. Mwenye kuchunguza huuliza, hupima na hulinganisha. Ndilo neno linalofaa kwa kazi ya mteule wa Amri ya XXVI. *Upelelezi* na *upekuzi* ni maneno ya jinai, na *upekuzi* hasa huleta picha ya polisi ndani ya nyumba ya mtu. Katika shauri la madai hayana nafasi. *Upimaji* ni kazi ya mpima ardhi. *Uthamini* ni kazi ya mthamini, ambaye usajili wake unasimamiwa na sheria ya mwaka 2016, na matokeo yake ni kiasi cha fedha. *Tathmini* ni pana zaidi, kwani hata mradi au somo hufanyiwa tathmini, lakini wananchi wanaosubiri fidia huliweka mahali pa uthamini, na mfasiri hana budi kuliacha hivyo katika maneno yao.

Wasomaji wa Kenya wakumbuke pia kwamba huko *shamba* hutumika kwa ardhi yoyote ya mtu, hata isiyolimwa. Tanzania, palipolimwa au pa kulimwa ni *shamba*, pa kujenga ni *kiwanja*.

Anayetumwa na mahakama

Sheria humwita *kamishna*, na kwa mwananchi jina hilo ni la cheo kikubwa. Kamishna wa Ardhi yupo, na ni mtu mwingine kabisa. Kamishna wa viapo yupo, na ni mwingine tena. Aliyesikia kwamba kamishna anakuja kuliona shamba anaweza kudhani Serikali imeingia katika mgogoro wake. *Mjumbe wa mahakama* halisaidii, kwa sababu kijijini mjumbe ni mtu anayejulikana: wa serikali ya kijiji, au wa nyumba kumi. *Dalali wa mahakama* ni kosa zito, kwa maana dalali huja baada ya hukumu, kuitekeleza, na kutajwa kwake tu kunatosha kumfanya mtu aanze kuhamisha vyombo usiku. Maneno marefu lakini salama ni *mchunguzi aliyeteuliwa na mahakama*, na baada ya kutajwa mara moja, *mteule*.

Ushahidi mmoja, Igalula

Igalula iko kando ya Reli ya Kati, kusini-mashariki mwa mji wa Tabora, ambako reli ilifika mwaka 1912. Kabla ya reli, misafara iliyotoka Bagamoyo ilivuka Ugogo na nyika ya Mgunda Mkali, ikapita Tura na Kigwa, majina ambayo hadi sasa yako katika eneo hilo hilo la Uyui, ndipo ikafika Unyanyembe. Ni nchi ambayo watu wamehama na kurudi mara nyingi: kwa misafara, kwa reli, na tena kwa Operesheni Vijiji ya 1973 hadi 1976. Kwa hiyo swali la nani alikuwa wapi na lini ni la kawaida katika migogoro ya ardhi, na majibu yake mara nyingi yako kwenye miti na vichuguu kuliko kwenye karatasi.

Tuseme, kwa mfano wa kubuni, kwamba baraza limefika na shahidi wa mdai, mzee wa makamo, anasema:

«Hapa ni itongo la babu. Mpaka unaanzia pale kwenye kichuguu, unafuata minyaa mpaka mwembeni, halafu unashuka kule mbugani. Jiwe lilikuwa hapo, limeng'olewa. Upana wake hatua 70.»

Kwa waliosimama naye, kila neno liko wazi, kwa kuwa mkono wake unazungumza pamoja na mdomo. Katika jalada mkono haupo.

*Itongo* (wingi *matongo*) ni neno la Kinyamwezi na Kisukuma kwa mahali palipokuwa na kaya ya mtu zamani. Kiswahili sanifu kina *mahame*, pahali palipohamwa, na neno hilo ndilo la kwanza kumjia mfasiri. Kutoka hapo hadi «ardhi iliyotelekezwa» ni hatua moja, na hatua hiyo inaweza kumpotezea mdai shamba. Mahame yanasema kwamba watu wameondoka. *Itongo la babu* linasema kwamba watu wameondoka na kwamba aliyekaa pale bado anajulikana kwa jina. Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Sura ya 114, katika kifungu chake cha 45 kuhusu ardhi iliyotelekezwa, huhesabu kuipumzisha ardhi kuwa matumizi halali. Kuiacha si lazima kuwe kuitelekeza. Iwapo shahidi amesema *itongo*, kumbukumbu iseme *itongo*, na mara ya kwanza ifuatwe na maelezo ya shahidi mwenyewe: «itongo, yaani mahali palipokuwa na tembe la babu yangu kabla ya kuhamishiwa kijijini». Maelezo ya mfasiri hayatoshi, kwa kuwa mfasiri si shahidi wa mila.

*Tembe* lenyewe ni neno la kuangaliwa. Ni nyumba ya paa bapa la udongo, na likianguka halibaki gofu la kuta kama nyumba ya mawe ya pwani. Linarudi kuwa udongo, kichuguu cha chini chenye majani mazito kuliko ya jirani. Aliyezoea *gofu* atatafuta kuta, asizione, aandike kwamba hapakuwa na dalili ya makazi.

*Pale, kule, hapo.* Ngeli ya mahali ndiyo mali kubwa ya Kiswahili katika kazi hii, na ndiyo inayopotea kwanza. *Pa-* huonyesha mahali mahususi, *ku-* upande au eneo lisilo na mpaka dhahiri, *mu-* ndani. Shahidi aliyesema *pale kwenye kichuguu* ametaja nukta. Aliposema *kule mbugani* ametaja upande, na hajadai kuijua nukta ambapo mpaka unaishia. Aliyesema *mle mbugani* angekuwa amedai kwamba mpaka unaingia ndani. Kwa Kiingereza yote matatu huandikwa kwa neno moja, na shahidi mwangalifu hugeuka kuwa shahidi wa hakika au wa kubabaisha, kutegemea bahati ya mwandishi.

*Hapo* ni gumu zaidi, kwa sababu lina kazi mbili. Huonyesha mahali karibu na anayeambiwa, na hurejelea mahali palipokwisha kutajwa. «Jiwe lilikuwa hapo» linaweza kuwa pale aliposimama mwenyekiti wa baraza, au kule chini mbugani palipotajwa katika sentensi iliyotangulia. Kati ya sehemu hizo mbili panaweza kuwa na majaruba manne ya mpunga. Hakuna sarufi itakayolitatua swali hilo baadaye. Linatatuliwa pale pale kwa swali moja kwa shahidi, na jibu lake kuandikwa: *Shahidi amesogea hadi kwenye shimo lililo upande wa magharibi wa mwembe na kusema: jiwe lilikuwa hapa.*

*Mpaka* ni maneno mawili yanayofanana. Nomino *mpaka* [u-/i-] ni kikomo cha ardhi. Kihusishi *mpaka* ni sawa na *hadi*. Katika «unafuata minyaa mpaka mwembeni» lipo la pili, lakini wanafunzi kadhaa wakipewa sentensi hii bila muktadha watapatikana wa kuisoma *minyaa-mpaka*, yaani minyaa ya mpakani. Maana hiyo inawezekana, kwa vile minyaa hupandwa kuwa ua na alama ya mpaka Unyamwezini kote. Mwandishi wa kumbukumbu atumie *hadi* kila panapohitajika kihusishi, na *mpaka* aliachie nomino. Ndani ya nukuu, bila shaka, maneno ya shahidi hayaguswi.

*Mwembeni.* Kiambishi *-ni* husema kwamba mahali panahusiana na mwembe, na hakisemi zaidi ya hapo. Mwembe unaweza kuwa ndani ya mpaka, nje yake, au juu yake, na mwembe wenye kuzaa ni mali inayogombewa peke yake. Tena, miembe mikongwe ya Tabora na Ujiji huhusishwa na misafara ya karne ya 19, na hakimu aliyelelewa na habari hizo atavutwa kuandika *mwembe mkongwe wa enzi za misafara*. Hapo ndipo onyo la mwaka 1980 linapotimia. Mahakama inaweza kuandika kwamba mwembe upo na mzingo wa shina lake ni kiasi fulani. Umri wake lazima asemewe na mtu anayeweza kuulizwa.

*Mbuga.* Hili ndilo kosa linalowapata wafasiri wazuri. Katika mikoa ya Tabora na Shinyanga *mbuga* ni ardhi ya bondeni yenye udongo mweusi wa mfinyanzi unaotuamisha maji masika. Hapo ndipo watu huchimba majaruba na kupanda mpunga. Katika magazeti na utalii *mbuga* ni hifadhi ya wanyama. Shahidi aliyesema «tunalima mbugani tangu zamani» ametaja shamba bora la familia, na tafsiri inaweza kumweka ndani ya hifadhi akikiri kosa la jinai. Mkoa wa Tabora una hifadhi kweli, ikiwamo Hifadhi ya Taifa ya Mto Ugalla, kwa hiyo msomaji wa mbali hatashtuka wala kuuliza. Katika kumbukumbu iandikwe *mbuga ya mpunga* au *bonde la mbuga* pale shahidi atakapothibitisha kwamba ndiyo maana yake. Kwa upande mwingine, *pori* likitafsiriwa kuwa *hifadhi ya msitu* huleta madhara yale yale. Pori ni ardhi isiyolimwa tu, na haisemi ni ya nani.

*Limeng'olewa.* Katika sentensi nzima ya shahidi, neno hili ndilo lenye shtaka, na umbo lake linastahili kutazamwa kwa utulivu. *-me-* hueleza hali iliyopo sasa inayotokana na tendo lililokwisha. *-ng'olewa* ni kauli ya kutendwa, na kauli hiyo ina mtendaji hata asipotajwa. Kando yake ipo *-ng'oka*, kauli ya kutendeka, isiyo na mtendaji: jiwe limeng'oka, labda kwa mvua au kwato za ng'ombe. Mfano huu una ndugu wengi katika migogoro ya ardhi: *ua umebomoka* na *umebomolewa*, *mti umekatika* na *umekatwa*, *mfereji umezibika* na *umezibwa*. Lugha chache humpa mwandishi chaguo la wazi namna hii kwa badiliko la silabi moja au mbili, na chache humfanya ahukumu kwa urahisi namna hii akikosea.

Baraza liliona nini? Liliona shimo, na halikuona jiwe. *Shimo lipo, jiwe halipo.* Hiyo ndiyo sentensi ya mahakama. *Jiwe limeng'oka* ni maoni. *Jiwe limeng'olewa* ni nusu ya hukumu. *Jiwe liling'olewa na mdaiwa mwaka jana* ni ushahidi, nao una mwenyewe: yule aliyeona, na aliye tayari kuapa na kudodoswa. Kwa utaratibu huo, viambishi vya wakati hugawana kazi. Vitenzi vya hali, *yupo, ipo, lina, ziko*, pamoja na *-me-* isiyo na mtendaji aliyefichwa, vinafaa kwa yale ambayo kila aliyekuwapo angeyaona. *-li-* hueleza tukio la zamani, na kila *-li-* katika maelezo ya ukaguzi inadai swali: nani amesema? Ikikosa jibu, ifutwe.

Ugawaji huu una uzito hata kwa tarehe. Chini ya Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, dai la kurudishiwa ardhi lina miaka 12. *Mdaiwa amelima hapa* na *mdaiwa alilima hapa* zinaweza kuangukia pande mbili za kikomo hicho, na *mdaiwa hulima hapa*, kwa *hu-* ya mazoea, haitaji wakati wowote. Mfasiri anayelainisha sentensi ili isomeke vizuri na kubadili kiambishi kimoja anaweza kuwa amebadili kipindi cha umiliki.

*Kuonyesha* halimo katika maneno ya shahidi, lakini litaandikwa na karani, na lina maana mbili zinazogongana. Shahidi *huonyesha* kwa kidole. Ushahidi nao *huonyesha*, yaani huthibitisha. «Shahidi alionyesha mpaka» isomwe vipi na jaji wa rufani miaka 6 baadaye? *Alinyoosha mkono kuelekea*, *alielekeza*, au *alisema kuwa mpaka unapita* huacha uzito wa jambo mahali pake. Vivyo hivyo *alidai*: kwa mdai ni jina la kazi yake, kwa shahidi ni neno la kumshuku.

*Hatua 70.* Wakulima wengi wa Tanzania hujua kwamba ekari ni 70 kwa 70, na hapo ubishi huanza, kwa kuwa 70 hiyo mara husemwa kuwa hatua, mara mita. Asili ya hesabu inaonekana kuwa yadi: yadi 70 kwa 70 ni yadi za mraba 4,900, na ekari ina 4,840. Ekari moja ni mita za mraba 4,047 hivi. Mita 70 kwa 70 ni mita za mraba 4,900, yaani ekari moja na zaidi ya moja ya tano. Hatua ya kawaida ya mtu mzima ikiwa sentimita 75, hatua 70 kwa 70 ni mita za mraba 2,756 tu, kiasi cha theluthi mbili za ekari. Kati ya tafsiri ya juu na ya chini ya neno moja kuna zaidi ya nusu ekari ya mpunga. Kwa hiyo *hatua* isigeuzwe kuwa mita kwa kudhania. Iandikwe kama ilivyosemwa, kisha kipimo cha futikamba kifuate, kikiwa kimechukuliwa wadaawa wote wakitazama.

Maandishi na kusomwa kwake

Baada ya uchambuzi huo, kumbukumbu ya ukaguzi ule wa kubuni ingeweza kusomeka hivi:

*Saa 5:20 asubuhi. Wadaawa wote wawili wapo, wazee wawili wa baraza wapo, shahidi wa pili wa mdai yupo. Shahidi amesimama kwenye kichuguu kilicho upande wa kaskazini wa njia na kusema kuwa mpaka unaanzia hapo. Kutoka kichuguu hadi mwembe kuna safu ya minyaa yenye mapengo mawili. Umbali, kwa futikamba iliyoshikwa na mdai upande mmoja na mdaiwa upande wa pili, ni mita 58. Hatua 4 magharibi mwa mwembe kuna shimo. Shahidi amesema jiwe la mpaka lilikuwa humo na kwamba liling'olewa. Shimo lipo, jiwe halipo. Mdaiwa amesema shimo hilo lilichimbwa kwa udongo wa matofali. Chini ya mwembe mteremko unaelekea bonde la mbuga lenye majaruba. Shahidi amesema hajui mpaka unaishia wapi bondeni.*

Sentensi ya mwisho ndiyo mara nyingi hukosekana katika majalada, kwa kuwa shahidi hakuisema kwa uwazi wakati wa kunyoosha mkono. Aliisema kwa *kule*.

Ukumbini maandishi husomwa, na hapo fomula moja inahitaji tahadhari. *Yamesomwa na kukubaliwa* huandikwa kwa mazoea chini ya kila ukurasa. Kama mdaiwa amesema kipimo kilichukuliwa futikamba ikiwa imelegea, hakuna kilichokubaliwa, na fomula hiyo huigeuza kauli yake kuwa kimya. Iandikwe: *Yamesomwa kwa sauti. Mdai hana la kuongeza. Mdaiwa anapinga umbali wa mita 58.* Neno *kukubaliwa* litumike pale tu ambapo wote wawili wametamka kwamba wamekubali, na ikiwa mmoja hajui Kiswahili vizuri akaelezwa kwa Kinyamwezi, jina la aliyemweleza liwe kando ya sahihi yake.